Hupotea Machoni pa Nani?

Katika nchi nyingi zitumiazo Kiswahili yako maneno ya kale yasemayo kwamba mtu mwenye ualbino hafi, bali hupotea. Nimeyasikia sokoni, nimeyasikia katika gari la abiria, nimeyasikia hata katika chumba cha walimu. Na aghalabu huyatamka mtu asiye na chuki yoyote, kama atajaye jambo lijulikanalo na wote. Msemaji hatoi ushahidi, na msikilizaji hamdai. Wenye elimu kidogo hucheka na kusema kuwa huo ni ujinga wa wazee, kisha mazungumzo huendelea.

Katika makala haya nakusudia kuyapa maneno hayo uzito kuliko wanavyoyapa wale wayasemao na wale wayachekao. Sisemi kwamba mtu aweza kutoweka kama ukungu wa asubuhi. Nasema kwamba neno "kupotea" lina jambo ndani yake ambalo mwalimu wa lugha hana budi kuliona. Kitu hakipotei peke yake. Sarafu iliyoanguka njiani haikujipoteza. Iko palepale ilipoanguka, na aliyepotewa ni mwenyewe. Palipo na kupotea pana mtu aliyepaswa kutazama na hakutazama. Basi, wakisema kuwa mtu fulani hupotea, swali la haki ni hili: hupotea machoni pa nani? Na je, yule ambaye machoni pake mwenziwe amepotea ana lawama, hata kama hakumtendea ubaya wowote?

Nitaanza na kosa langu mwenyewe, kwa kuwa si adabu kuanza na makosa ya watu. Nafundisha Kiswahili Kagarama, katika Wilaya ya Kicukiro, jijini Kigali. Mwaka mmoja nilikuwa na mwanafunzi mwenye ualbino, mvulana mrefu wa miaka 14. Tulikuwa tukiwapanga wanafunzi kwa vimo, wafupi mbele na warefu nyuma, ili mmoja asimzibe mwingine. Naye akaangukia dawati la mwisho, kando ya dirisha. Katika imla alikuwa miongoni mwa walio bora: nikisoma kwa sauti, aliandika maneno sawasawa, hata yale yawatatizayo wengi, kama "ng'ombe" na "dhahabu". Lakini nikiandika ubaoni na kuwataka wanakili, daftari lake lilijaa makosa ya ajabu. "Kaka" liligeuka "kuku", "mbuzi" liligeuka "mbuyu", na sentensi ya pili iliungana na ya nne kana kwamba ya tatu haikuwapo.

Nililipima jambo hilo kama nilivyodhani hakimu hupima, nikatoa hukumu: huyu lugha anaijua, ushahidi ni imla, basi akikosea katika kunakili, kazi iliyo nyepesi zaidi, huo ni uvivu. Nikaandika hivyo katika ripoti yake ya muhula. Ushahidi wote ulikuwa mezani pangu, nami niliusoma kichwa chini miguu juu.

Siku moja nilimwita aje afute ubao. Kabla ya kufuta alisogea mpaka pua yake ikakaribia kugusa chaki, akaanza kusoma sentensi zangu kimoyomoyo, moja baada ya moja, akiukunja uso na kuipeleka shingo kulia na kushoto. Alikuwa akiyasoma maandishi yangu kwa mara ya kwanza. Darasa likacheka. Baadaye nilipomwuliza kwa nini hakuniambia kuwa haoni, alijibu kwa adabu: "Nilidhani, Mwalimu, kwamba wote huona hivi, ila wenzangu wana akili ya kukisia."

Jibu hilo lilinitia haya, nikaanza kujifunza yale niliyopaswa kuyajua tangu siku ya kwanza alipoingia darasani. Nitayaeleza kwa ufupi, kwa maana maadili yasiyo na maarifa ni kama nia njema ya mganga asiyejua dawa.

Ualbino hauambukizi. Si laana wala si malipo ya dhambi, na mama aliyemzaa mtoto mwenye ualbino hakumkosea mumewe. Ni hali ya kurithi. Mwili wa binadamu hutengeneza rangi iitwayo melanini, ambayo huipa ngozi, nywele na macho wekundu au weusi wake. Na kwa mtu mwenye ualbino rangi hiyo hukosekana au hupungua sana. Katika aina zilizoenea Afrika, mtoto huzaliwa na hali hiyo anapopokea jeni yake kutoka kwa baba na kutoka kwa mama, wote wawili. Wazazi wenyewe kwa kawaida ni watu wa rangi ya kawaida ambao hawajui kuwa wanaibeba. Kwa wazazi wa namna hiyo, kila mimba ina nafasi 1 katika 4 ya kuleta mtoto mwenye ualbino. Kumlaumu mama peke yake, na kumwacha na mtoto mchanga mikononi kama wafanyavyo baadhi ya waume, ni dhuluma iliyojengwa juu ya hesabu mbovu.

Hesabu sahihi inatuhusu sote. Makadirio ya wataalamu kwa Afrika iliyo kusini ya Sahara mara nyingi huwa kati ya mtu 1 katika 5,000 na mtu 1 katika 15,000. Na uchunguzi uliofanywa Dar es Salaam katika miaka ya 1980 ulikadiria mtu 1 katika 1,400 hivi. Tukishika makadirio ya 1 katika 5,000, kanuni za urithi zatuonyesha kuwa karibu mtu 1 katika 36 huibeba jeni hiyo bila ya kujua. Tukishika yale ya Dar es Salaam, ni karibu mtu 1 katika 19. Darasa langu lina wanafunzi zaidi ya 40. Siku ile darasa lilipomcheka yule kijana, yamkini mmoja au wawili kati ya waliocheka walikuwa wamebeba damuni mwao kitu kilekile walichokicheka. Na yamkini mwalimu wao pia.

Ama macho, athari yake ni hii. Sehemu ya katikati ya retina, ituwezeshayo kuona vitu vidogo kama herufi, haikamiliki kuumbika. Macho huchezacheza yenyewe, na mwanga mkali huyaumiza. Miwani huwafaa baadhi, lakini haiujazi upungufu wote, kwa kuwa upungufu si wa mboni peke yake. Akili haina dosari yoyote. Mtoto huyo akisogezwa karibu, akipewa maandishi makubwa au kioo cha kukuza, na akiepushwa na mwanga wa dirisha, husoma kama wenziwe. Mimi nilimpa dawati la mbali kabisa, tena kando ya dirisha.

Ama ngozi, hatari yake ni kubwa zaidi, na hapa Kigali inajificha. Mji wetu uko juu ya milima, mita 1,500 hivi kutoka usawa wa bahari, karibu sana na mstari wa ikweta. Hewa yetu ni ya baridi kidogo, na kwa hiyo twadhani jua letu ni pole kuliko la Mombasa au la Dar es Salaam. Lakini kinachoiunguza ngozi ni miali ya urujuanimno, ambayo macho hayaioni wala mwili hauihisi kama joto. Nayo huzidi nguvu kadiri mtu apandavyo juu, na hupenya mawingu mepesi. Mtu mwenye ualbino hana ngao dhidi ya miali hiyo. Ngozi yake huungua, hukakamaa, hutoa madoa, kisha huenda kikatokea kidonda kisichopona sikioni, mdomoni au shingoni. Hiyo ndiyo saratani ya ngozi. Ikitambuliwa mapema na kuondolewa, kwa kawaida hupona. Ikichelewa, huua. Kinga yake si siri: kofia yenye ukingo mpana, mikono mirefu, kivuli, na mafuta ya kukinga jua. Kule Moshi, Tanzania, katika hospitali ya KCMC, yalibuniwa mafuta ya namna hiyo yaitwayo Kilisun kwa ajili ya watu wenye ualbino hasa, na hilo lathibitisha kuwa dawa hii si anasa ya watalii bali yaweza kutengenezwa nyumbani kwetu kwa mahitaji yetu.

Sasa na turudi kwenye maneno ya kale. Mtu huyu hupoteaje? Yafuateni maisha yake hatua kwa hatua. Kwanza hufichwa nyumbani, kwa sababu jamaa wanaona haya, majirani hawamwoni. Akipelekwa shule, huketishwa pasipoonekana ubao, hushindwa, huitwa mvivu au mpumbavu, huacha masomo. Walimu hawamwoni tena. Kwa kuwa hakusoma, hupata kazi ya jembe au ya kuuza bidhaa barabarani, yaani kazi ya juani kuliko zote. Kidonda kinapotokea, zahanati iko mbali na nauli haipo. Hufa kijana, chumbani, na huzikwa na watu wachache. Kisha sisi tuliokaa mbali tangu mwanzo mpaka mwisho twasema: watu hawa hawafi, hupotea. Kumbe hufa. Ila hawafi mbele yetu, kwa kuwa sisi hatupo wafapo. Maneno yale ya kale tunayadhani kuwa habari juu ya mtu mwenye ualbino, kumbe ni ungamo la jirani yake.

Iko pia njia nyingine ya kupotea, iliyo ya kutisha zaidi. Tangu miaka ya 2006 na 2007, katika sehemu za Tanzania zilizo karibu na Ziwa Victoria, watu wenye ualbino waliuawa na kukatwa viungo kwa imani kwamba viungo hivyo huleta utajiri. Mwaka 2008 uovu huo ulionekana pia Burundi, mkoani Ruyigi. Sheria haikunyamaza: mwaka 2009 mahakama ya Ruyigi iliwatia hatiani watuhumiwa, na Septemba mwaka huohuo mahakama iliyokaa Kahama iliwahukumu watu 3 kunyongwa kwa kumwua mvulana. Rwanda, inayopakana na majirani hao wawili, haikuona mauaji hayo yakienea ndani yake kwa kiasi hicho. Lakini tusijisifu upesi. Watoto wengi wa Kanda ya Ziwa walichukuliwa kutoka kwa wazazi wao wakawekwa nyuma ya kuta za vituo, kama kile cha Buhangija, Shinyanga, ili wasalimike. Nani atalaumu ukuta uliookoa roho? Hata hivyo, mtoto aliyeokolewa kwa kutengwa na mamaye naye amepotea kwa namna yake. Jamii iliyoshindwa kuwaondoa wauaji kijijini iliwaondoa watoto.

Hapa ndipo lilipo swali la maadili. Muuaji ana hatia. Hilo halihitaji makala. Mwenye kutukana ana hatia. Hilo pia ni wazi. Lakini mimi sikuua wala sikutukana. Nilimpanga mtoto kwa kimo, kwa kanuni ileile niliyowapangia wote. Je, nina hatia gani?

Jibu la kwanza linalotujia ni lile la watu wote: "Sikujua." Nalo si jibu la kudharauliwa. Kuna kutojua kusiko na lawama. Mwalimu wa karne zilizopita hakuwa na njia ya kujua habari za jeni. Mwanafalsafa wa Kiyunani Aristotle alikwisha kutenganisha kutojua kwa namna hiyo na kule ambako mtu mwenyewe amejitakia, na akasema kuwa huko kwa pili hakumwokoi mtu na lawama. Nadhani mgawanyo huo ni wa haki, lakini wahitaji kuongezewa kipimo. Kipimo changu ni hiki: je, jambo hilo lilikuwa umbali gani nami? Kama ningehitaji kusafiri au kuvumbua ili nijue, nina udhuru. Lakini mimi nilihitaji kutembea hatua saba tu, kutoka ubaoni mpaka dawati la nyuma, na kuuliza: "Mwanangu, unasoma nini pale?" Sikutembea hatua hizo kwa muhula mzima. Kutojua kwangu hakukuwa ukuta nilioukuta. Kulikuwa kiti nilichokikalia. Kulikuwa kwa raha. Basi lawama yangu si ndogo kwa sababu sikuwa na chuki. Pengine chuki ingalikuwa rahisi zaidi kuitambua, kwa kuwa mwenye kuchukia walau hutazama.

Mtu aweza kupinga hivi: ukimpa mmoja kiti cha mbele, maandishi makubwa na ruhusa ya kuvaa kofia, umefanya upendeleo, na haki ni kuwatendea wote sawa. Pingamizi hilo lina sura nzuri, lakini tuliangalie vizuri. Ubao wangu uliandikwa kwa herufi za kiasi gani? Za kiasi kile kinachoonekana na macho ya kawaida kutoka dawati la nyuma. Yaani nilikuwa nimekwisha kuyapendelea macho ya kawaida kabla ya kipindi kuanza, ila upendeleo uliowaenea wengi hauitwi upendeleo, huitwa utaratibu. Kanuni ya kunyoa nywele zote, iliyo desturi katika shule zetu za Rwanda, ni nzuri kwa usafi, lakini kwa mtoto mmoja ina maana ya kuupeleka utosi wake mtupu juani. Umuganda wa Jumamosi ya mwisho wa mwezi ni jambo la fahari kwa taifa letu, lakini kwa mtu mmoja ni saa tatu za jua kali asipopangiwa kazi ya kivulini. Anayedai kofia hadai zaidi ya wenziwe. Adai kile ambacho wenziwe wamezaliwa nacho.

Nataka sasa kusema juu ya lugha, kwa kuwa ndiyo kazi yetu. Padre Alexis Kagame, mwanachuoni wa Rwanda aliyeishi kuanzia mwaka 1912 hadi 1981, aliandika kwa Kifaransa kitabu juu ya falsafa ya Kibantu ya Rwanda kilichotoka mwaka 1956. Alizichunguza ngeli za Kinyarwanda, akaona kuwa lugha yenyewe imeyagawa yote yaliyopo katika mafungu manne: umuntu, kilicho na akili, ikintu, kisicho na akili, ahantu, mahali na wakati, na ukuntu, namna ya kuwa. Wako waliobishana naye kama kweli sarufi yaweza kuzaa falsafa, nami siwezi kuumaliza ubishi huo hapa. Lakini mwalimu wa Kiswahili, mwenye "mtu" na "kitu" mdomoni mwake kila siku, hawezi kukosa kuona ukubwa wa mpaka uliopo kati ya herufi hizo mbili za mwanzo. Mauaji yale ya Kanda ya Ziwa yalianza pale mtu alipovushwa mpaka huo. Mitaani watu wenye ualbino waliitwa "dili", waliitwa "pesa". Kabla ya panga kumgusa, neno lilikuwa limekwisha kumtoa katika ngeli ya watu na kumweka katika ngeli ya bidhaa.

Nchi hii haihitaji kufundishwa hilo na mgeni. Mwaka 1994 watu waliitwa inyenzi, yaani mende, kisha wakauawa. Na si mbali na Kagarama, pale Nyanza ya Kicukiro, wamelazwa baadhi yao, miongoni mwao wale waliouawa tarehe 11 Aprili baada ya askari wa Umoja wa Mataifa waliokuwa wakiwalinda kuondoka. Silinganishi misiba hiyo miwili, wala haifai kulinganishwa. Nasema tu kwamba wanaoishi karibu na makaburi hayo hawana udhuru wa kudhani kuwa neno ni neno tu.

Tumwite nani, basi, mtu huyu? Kiswahili cha zamani kilimwita zeruzeru, na neno hilo liliingia katika kamusi na vitabu. Kinyarwanda humwita nyamweru, jina linalotokana na weupe. Majina hayo mawili yana kasoro moja: humtaja mtu kwa rangi yake kana kwamba hana zaidi. Leo wenyewe wametaka waitwe watu wenye ualbino, na mwenye jina ndiye mwenye haki ya kuchagua aitweje. Kwa mwalimu wa sarufi, uzuri wa maneno hayo uko katika mpangilio: "mtu" latangulia, ualbino wafuata, na kiungo kati yake ni "mwenye", ambacho hutumika kwa kila mtu na kila hali. Mtu mwenye miwani. Mtu mwenye watoto. Mtu mwenye ualbino.

Lakini nawatahadharisha walimu wenzangu tusije tukalala juu ya jina. Ni rahisi kusahihisha neno katika daftari la mwanafunzi kuliko kuhamisha dawati. Mimi nilimwita yule kijana kwa jina lake zuri alilopewa na wazazi wake kila siku ya muhula ule, na kila siku ya muhula ule hakuona ubao. Jina jema ni mlango tu. Mtu haishi mlangoni.

Iko methali tuipendayo katika masomo ya maadili: hujafa hujaumbika. Twawafundisha watoto kuwa wasimcheke mwenye kilema, kwa maana kesho huenda likawapata wao. Methali hiyo ina hekima, lakini haitoshi hapa, kwa sababu mbili. Ya kwanza, ualbino haumpati mtu ukubwani. Anayecheka leo hatazinduka kesho akiwa nao, ingawa aweza kumpakata mjukuu wake mwenyewe mwenye hali hiyo. Ya pili, na ndiyo nzito, wema uliojengwa juu ya hofu ya nafsi ni wema wenye mipaka. Je, kama ningejua kwa hakika kuwa jambo hili halitanifika mimi wala kizazi changu, ningepata ruhusa ya kucheka? La. Namheshimu mtu huyu kwa kuwa ni mtu, si kwa kuwa ni kivuli cha balaa langu la kesho.

Wala huruma nayo haitoshi. Huruma hutazama chini. Mwaka 2010 wapiga kura wa Lindi Mjini, Tanzania, walimchagua Salum Khalfani Barwany kuwa mbunge wao. Hawakumhurumia, walimpa kura. Mumbi Ngugi aliingia Mahakama Kuu ya Kenya kuwa jaji mwaka 2011, na baadaye Mahakama ya Rufani. Anayesimama mbele yake huhukumiwa kwa sheria, hahitaji kumhurumia. Mwaka 2014 Baraza Kuu la Umoja wa Mataifa liliitangaza tarehe 13 Juni kuwa siku ya kimataifa ya ualbino, ikaanza kuadhimishwa mwaka 2015. Na hapa Rwanda liko shirika la OIPPA lililoundwa kwa ajili ya kutetea haki za watu hao. Hayo yote ni mema. Lakini siku moja ya mwaka ina shule za siku chache tu ndani yake, na mtoto husoma mwaka mzima.

Basi wajibu wetu ni upi? Sitautaja ulio mkubwa, kwa kuwa ulio mkubwa tutauachia serikali na kurudi kulala. Nitautaja ulio katika mamlaka ya mwalimu yeyote, hata asiye na fedha. Amketishe mtoto huyo safu ya mbele, mbali na dirisha, na amruhusu kusimama na kusogea ubaoni atakapo. Aandike kwa herufi kubwa, na kila aandikacho akisome kwa sauti. Wanafunzi wote watanufaika, kwa maana lugha ni sauti kabla ya kuwa chaki. Ampe karatasi ya mtihani yenye maandishi makubwa na muda wa nyongeza. Amwombee kwa mkuu wa shule ruhusa ya kofia, mikono mirefu na nywele. Asimpeleke uwanjani saa sita za mchana. Akiona kidonda kisichopona, awaambie wazazi siku hiyohiyo, bila kungoja mkutano. Na kabla ya kuandika neno "mvivu" katika ripoti ya mtoto yeyote, mwenye ualbino au asiye nao, atembee kwanza zile hatua saba.

Nimesema kuwa swali langu lilikuwa: mtu huyu hupotea machoni pa nani? Nadhani jibu limekwisha kupatikana. Hakupotea machoni pa mamaye, aliyemfunika kwa kanga kila asubuhi. Hakupotea machoni pa jua, lililomwona kuliko alivyotaka kuonwa. Alipotea machoni pa mtu aliyekuwa na macho mazima, aliyelipwa mshahara ili amtazame.

Yule kijana nilimhamishia safu ya kwanza, upande wa ukuta. Ripoti ya muhula ule niliiandika upya, nikaipeleka kwao kwa mkono wangu na kumwomba radhi mamaye. Alinipokea kwa heshima kuliko nilivyostahili. Mwanawe hakugeuka kuwa mwanafunzi wa ajabu. Alianza kufanya makosa yale yale wafanyayo wenziwe: kuandika "kura" akitaka kusema "kula", na "mrango" badala ya "mlango", makosa yetu sote Wanyarwanda tujifunzapo lugha hii. Nami niliyasahihisha kwa wino mwekundu kama ya wengine, naye akayanung'unikia kama wengine.